Barua ya wazi kwa mpwa wangu aliyezimia mazoezini

Mpwa wangu mpendwa,

Salaam nyingi kutoka Ujiji. Mama yako amenieleza kwamba umefika Tabora salama na kwamba majaribio ya usajili yanaanza wiki ijayo. Amenieleza pia kwamba umemkataza kumwambia mtu yeyote habari ya kuzimia kwako, kwa kuhofia kwamba kocha akisikia atakuacha. Nakuandikia hadharani, bila kukutaja jina, kwa kuwa naamini wapo vijana wengine wanaocheza mpira huku wameficha jambo kama hilo.

Sikulaumu kwa hofu hiyo, lakini lililokupata si dogo. Ulianguka katikati ya mbio, hukugongwa na mtu wala hukujikwaa. Wenzako walikumwagia maji, mmoja akahangaika kukupenyeza kijiko mdomoni eti usimeze ulimi, na ulipozinduka wakaanza kubishana kama ni jua, ni njaa, au ni wapinzani waliokutupia kitu. Madaktari wa moyo huitazama dalili hiyo kwa jicho jingine kabisa: kijana anayezimia wakati anakimbia hushukiwa kuwa na tatizo la moyo mpaka vipimo vioneshe vinginevyo. Nawe unajua kwamba baba yako mdogo alifariki usingizini kabla hajafikisha miaka 35. Hilo nalo daktari lazima alisikie, maana baadhi ya magonjwa haya hurithiwa.

Mchezaji Marc-Vivien Foé wa Cameroon alikuwa na miaka 28, mwenye nguvu zake, alipoanguka mjini Lyon tarehe 26 Juni 2003 katika mechi dhidi ya Colombia, bila mchezaji yeyote kumgusa. Uchunguzi ulionesha kwamba msuli wa moyo wake ulikuwa umenenepa kupita kiasi. Msuli ukiwa hivyo, umeme unaoendesha mapigo unaweza kuvurugika mtu anapojitumikisha sana. Moyo huanza kutetemeka badala ya kusukuma damu, na mtu huanguka ndani ya sekunde chache.

Unachoogopa ni kuambiwa uache mpira. Huenda ukaambiwa, sitakudanganya. Fabrice Muamba, ambaye moyo wake ulisimama kwa dakika 78 mwaka 2012 akiichezea timu ya Bolton ya Uingereza jijini London, hakucheza tena, lakini yu hai. Christian Eriksen wa Denmark alianguka uwanjani Copenhagen tarehe 12 Juni 2021, akashtuliwa moyo kwa mashine palepale uwanjani, akapandikizwa kifuani kifaa kidogo cha kuushtua moyo ukivurugika, na mwaka 2022 alikuwa amerudi kucheza Uingereza. Anayeninyima usingizi ni Raphael Dwamena wa Ghana. Yeye ugonjwa wake ulijulikana na kifaa alikuwa nacho, lakini akaomba kitolewe, akaendelea kucheza, na tarehe 11 Novemba 2023 akaanguka uwanjani nchini Albania na kufariki. Alikuwa na miaka 28 kama Foé.

Kwa hiyo, kabla hujavaa jezi ya majaribio, nenda hospitali ya rufaa ya mkoa, ueleze yote mawili, kuzimia kwako na kifo cha baba yako mdogo, na uombe upimwe umeme wa moyo. Kipimo hicho hakina maumivu. Unalala tu, unabandikwa nyaya kifuani, mikononi na miguuni. Wakiona haja ya vipimo zaidi, ipo Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete jijini Dar es Salaam, na nauli nitaibeba mimi.

Wenzako nao waambie kwamba mchezaji akianguka, haitikii, na hapumui au anakoroma kwa kutweta, wasitafute kijiko. Mmoja apige simu kuomba msaada, mwingine aweke viganja katikati ya kifua na kukandamiza kwa nguvu, kiasi cha sentimita 5 kwenda chini, mara 100 hadi 120 kwa dakika, bila kuacha, huku mashine ya kushtua moyo ikifuatwa kama ipo. Kila dakika inayopita bila mashine hiyo hupunguza nafasi ya kupona kwa takriban asilimia 7 hadi 10, na kukandamiza kifua ndiko kunakopunguza kasi ya hasara hiyo.

Kocha nitazungumza naye mwenyewe ukiniruhusu. Nijulishe siku utakayopangiwa kipimo, nipande treni nije tuingie pamoja kwa daktari.

Mjomba wako