Faili la DLL ni la bure, mbona tunatoza elfu ishirini?

Swali hili tunalisikia kila mara hapa dukani Mwanga, tunapotengeneza kompyuta ambayo programu yake imegoma kwa kukosa faili la DLL. Juzi kaka mmoja aliondoka amekasirika kabisa: "Fundi, kafaili kenyewe kako bure mtandaoni, halafu unanitoza elfu ishirini!" Kaka yangu, ni kweli faili ni la bure. Hela yako haikununua faili, na ninataka wewe na wengine mjue ilinunua nini.

Ndani ya Windows kuna mafaili mengi yanayoishia na .dll. Ukiyabofya hayafunguki, kwa sababu hayakutengenezwa kwa ajili yako bali kwa ajili ya programu. Ni kama masufuria makubwa ya shughuli pale mtaani: kila nyumba inaazima, hakuna haja ya kila mtu kununua lake. Nafasi ya diski inaokolewa, na faili likirekebishwa mara moja programu zote zinafaidika. Lakini likipotea, zote zilizokuwa zikilitegemea zinagoma siku moja.

Ujumbe ukisema VCRUNTIME140.dll au MSVCP140.dll haipo, sisi hatutafuti faili hilo. Tunajua limetoka kwenye kifurushi cha Visual C++ cha Microsoft, yaani mkusanyiko wa mafaili ya DLL ambayo programu nyingi huyatumia, kile cha 2015 na kuendelea. MSVCR120 ni la kifurushi cha 2013, MSVCR100 la 2010. Tunasakinisha kifurushi kizima kutoka Microsoft wenyewe, na kwenye Windows ya biti 64 tunaweka vyote viwili, cha biti 64 na cha biti 32, maana programu nyingi za zamani za mauzo bado ni za biti 32.

Sasa njia ya mkato. Dada mmoja mwenye stationari Ujiji alipakua faili moja kwenye tovuti ya mafaili ya DLL, akalibandika ndani ya folda ya Windows iitwayo System32. Kosa halikuondoka. Programu yake ilikuwa ya biti 32, na kwenye Windows ya biti 64 folda ya System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, ilhali yale ya biti 32 yanakaa SysWOW64. Majina hayo yanachanganya hata mafundi. Akapakua lingine, safari hii tovuti ikamlazimisha asakinishe kwanza "programu ya kurekebisha". Kompyuta ilipofika kwetu, virusi vilikuwa vimeshaenea hadi kwenye flashi za wateja wake. Kuisafisha kulimgharimu mara tatu ya bei aliyokuwa anaikwepa. Faili la namna hiyo hujui nani ameligusa, na programu ikiliita linafanya kazi kwa ruhusa zote ulizoipa programu yenyewe.

Mzee mwingine, wa duka la dawa, alifungua orodha ya programu akaona Visual C++ ya 2008, 2010, 2012, 2013. Akadhani zimejirudia, akazifuta zote ili apate nafasi. Asubuhi programu ya stoo haikufunguka. Zile si nakala! Iliyotengenezwa kwa 2010 haiwezi kutumia ya 2013. Tafadhali, ziacheni.

Kuna pia wanaoshauriwa wapige Windows upya. Tatizo la DLL litaondoka, ndiyo, pamoja na programu zako na leseni ambayo hukumbuka uliiweka wapi, na mahesabu pia kama diski imefomatiwa bila kuhifadhi kitu. Sisi hiyo tunaifanya mwisho kabisa.

Kwa elfu ishirini tunahifadhi kwanza data zako. Kisha tunatafuta kwa nini faili limepotea, kwa sababu mara nyingi antivairasi ndiyo imeliondoa kutoka kwenye programu ya wizi, yaani iliyonakiliwa bila leseni, na tukilirudisha tu litaondolewa tena kesho. Mafaili ya Windows yenyewe tunayakagua kwa amri ya sfc /scannow. Halafu tunafungua programu yako mbele yako, tunachapa risiti moja, ndipo unalipa.

Ukipata ujumbe wa namna hii, usibonyeze chochote zaidi. Upige picha wote kwa simu, hasa jina la faili na namba ya kosa, uje na kompyuta pamoja na diski au leseni ya programu kama unayo. Kuangalia tatizo hatutozi.