Bibi, nakuletea hadithi ya mtu aliyefichwa jina

Praha, 27 Desemba

Shikamoo Bibi,

Sijambo, ila baridi ya huku haina adabu. Ulinituma nikuletee hadithi, si habari za bei ya nyama. Basi, paukwa!

Mama mwenye nyumba alinialika mkesha wa Krismasi. Sikukuu ya Wacheki ni samaki. Siku chache kabla, mapipa ya samaki hai hupangwa kando ya barabara. Unamchagua wako, muuzaji anampiga rungu hapo hapo. Wewe ungempokonya kisu, anavyopara magamba ni aibu.

Tulipomaliza kula ikawekwa sinema wanayoirudia kila mwaka, Tři oříšky pro Popelku, yaani kokwa tatu za Popelka. Kokwa zenyewe ni kama kungu, ila ndogo. Popelka ni yatima anayeteswa na mama wa kambo, lakini si wa kukaa jikoni akilia. Anapanda farasi, analenga shabaha, mwana wa mfalme anabaki mdomo wazi. Halafu anamtegea kitendawili: mashavu yana majivu, si mfagia dohani, kofia ina manyoya na upinde uko begani, si mwindaji, gauni la fedha linaburura, si binti mfalme. Nani huyo? Nikajikuta nasema "Tega!" kwa sauti, wote wakanigeukia.

Tena theluji yake nyingine ni unga wa samaki! Waigizaji walinuka vibaya. Nikakumbuka dagaa zetu zikianikwa Pangani.

Sasa sikia ya mwandishi wa sinema hiyo, František Pavlíček. Alikuwa mkurugenzi wa ukumbi wa tamthilia wa Vinohrady, hapa hapa Praha. Pamoja na mwongozaji František Vláčil aliandika filamu ya Marketa Lazarová ya 1967, ambayo mwaka 1998 wahakiki wa hapa waliichagua kuwa filamu bora ya Kicheki ya nyakati zote. Agosti 1968 vifaru vya Warusi vikaingia nchini. Waliopinga wakaanza kung'olewa mmoja mmoja. Mwaka 1970 zamu yake ikafika: kazi hana, na kuandika marufuku.

Popelka ikatoka 1973, na pale panapotajwa mwandishi pakasomeka Bohumila Zelenková. Mama huyo alikubali kuazima jina lake ili mwenzake aweze kuandika. Mwongozaji Václav Vorlíček alijua, akafunga mdomo. Mimi kila nikifikiria, moyo unanienda kwa yule mama kuliko kwa Pavlíček mwenyewe. Kuazima kanga ni rahisi, Bibi, lakini jina?

Pavlíček naye hakutulia, akatia saini Mkataba wa 77 wa kudai haki. Utawala ule wa kikomunisti ulianguka 1989, naye akafariki 2004. Miaka 16, tangu 1973 hadi 1989, watoto wa Ucheki na Ujerumani walikuwa wakikijua kitendawili chake bila kumjua mwenyewe.

Usiku ule nikaikumbuka ile hadithi yako ya mke mdogo na kibuyu. Nimewasikia wajukuu zako wakiisimulia kama waliiokota njiani. Mwambie Salma akurekodi kwa simu anitumie. Ila kabla ya paukwa, utaje jina lako, na la aliyekupa wewe.

Nisalimie wote, na yule paka mwizi.

Mjukuu wako