Sauti ya mama kwenye bafta

Mikindani, Mtwara

Shoga yangu mpenzi,

Salamu nyingi. Sisi hatujambo, na mabibo yameanza kuanguka. Nakuandikia kwa ajili ya jambo la juzi usiku. Ukiondoa wewe, sina wa kumweleza.

Vijana wa sanaa waliweka onyesho karibu na bahari: ngoma, video na sauti kwa pamoja, kuhusu mpaka wa uhai na kifo. Skrini yao ilikuwa bafta. Bafta ileile, shoga, tunayonunua msibani. Ilipotundikwa wazee waliguna, mmoja akainuka akaenda zake. Sikumlaumu.

Kiongozi wao alinieleza habari za Bill Viola, msanii wa video wa Marekani. Mwaka 1992 alipanga skrini tatu: mwanamke anajifungua, mtu anaelea majini, na mama yake mwenyewe yu kitandani anakata roho. Nikamwambia Wamakonde hilo wanalo tangu zamani. Bibi yangu alilikimbia lipiko, yule mchezaji aliyevaa kinyago, mpaka uzeeni, maana wanawake waliambiwa ni mfu amefufuka. Siri ya aliye ndani walifunuliwa wavulana jandoni. La juzi lilinipita karibu kabisa: nywele za binadamu kichwani, chale mashavuni, na ndani ya mdomo ulio wazi, macho ya mtu yanapepesa.

Sasa sikia. Wiki moja kabla, walituomba sauti za marehemu wetu zilizobaki kwenye simu. Nililala na ombi hilo siku tatu, kisha nikawapa ile ya mama: "Umekula? Funga dirisha la uani, mvua inakuja." Lipiko likiwa linacheza mbele ya bafta, umeme ukakatika. Picha ikapotea, wapiga ngoma wakaacha. Spika ndogo ilikuwa na betri yake, ikaendelea gizani: "Umekula?" Mwanamke mmoja nyuma yangu, hata simjui, akaitika, "Nimekula, mama."

Nililia, shoga, ila kilio hiki hakikuwa kile cha siku ya mazishi. Nilitamani umeme usirudi upesi.

Wewe ulipojifungua, mama alikutumia sauti ndefu akimbembeleza mtoto. Kama bado unayo, nitumie kabla hujabadilisha simu. Hii simpi mtu. Nataka tu niwe nayo.

Mbusu mtoto.

Shoga yako