Harambee ya kesi ya shamba letu: tusaidieni kulipia mpima ardhi na wakili

Wapendwa waumini, majirani, na watoto wetu mlio Nairobi, Mombasa na ng'ambo,

Tunawaandikia kwa niaba ya familia 64 zinazoishi kwenye shamba la makazi hapa Kaunti ya Nakuru, shamba ambalo serikali ilitununulia baada ya ghasia za uchaguzi wa 2007. Kesi yetu imepangiwa kusikizwa na Mahakama ya Mazingira na Ardhi muhula ujao. Tunahitaji shilingi 780,000 ili tuingie mle tukiwa na ushahidi wa kutosha. Mpaka sasa tumechanga wenyewe 190,000, nyingi zikiwa shilingi hamsini hamsini za kila wiki kutoka kwa akina mama wanaouza mboga barabarani.

Tulikotoka wengi wenu mnakujua, maana tulikuwa pamoja. Zaidi ya watu 1,100 waliuawa wakati ule, na zaidi ya 600,000 wakafurushwa makwao. Sisi tulilala kwenye mahema katika uwanja wa maonyesho wa Nakuru, tukahamishwa kambi hii hadi ile, mpaka siku tuliyoonyeshwa vipande vyetu: ekari mbili za kulima na robo ya kujenga nyumba. Kila familia ilipokea barua ya kugawiwa ardhi yenye namba ya ploti. Hatimiliki, tukaambiwa, zingefuata.

Waliofuata ni watu wengine wenye hatimiliki za ardhi hiyohiyo. Wanasema waliuziwa na jamaa za mwenye shamba wa zamani. Walikuja na mpima wao, wakang'oa mawe yetu ya mipaka upande wa mtoni na kuchimbia mengine katikati ya mahindi yaliyokuwa yameanza kubeba. Jiwe moja, lililopakwa rangi nyekundu juu, liko hatua nne kutoka mlango wa jikoni ya mama mmoja mjane. Kila asubuhi akitoka kuwasha moto analipita. Mama huyu ameshapoteza nyumba mara moja kwa moto, na hatukubali aipoteze ya pili kwa karatasi.

Ndipo tukaenda mahakamani sisi wenyewe, na kwa kuwa sisi ndio walalamikaji, mzigo wa kuthibitisha ni wetu.

Wakili wetu ametueleza hali bila kutupaka mafuta, nasi tunaona ni haki nanyi mjue pesa zenu zinaingia katika vita gani. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu ilitoa hukumu mbili zinazotugusa. Katika kesi ya kampuni ya Torino Enterprises, ilisema barua ya kugawiwa ardhi peke yake haimpi mtu umiliki mpaka masharti yake yatimizwe na ardhi isajiliwe. Hapo ndipo tulipo dhaifu, kwa sababu barua ndiyo tuliyo nayo. Lakini katika kesi ya Dina Management na Kaunti ya Mombasa, mahakama hiyohiyo ilisema kuwa hatimiliki ikipingwa, mwenye nayo hawezi kuipunga tu hewani. Lazima aonyeshe ardhi ilipatikana kihalali tangu mwanzo. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 nayo inaruhusu hatimiliki kufutwa ikiwa ilipatikana kwa ulaghai, au bila kufuata utaratibu. Kwa hiyo hati zao zitaulizwa zilikotoka: nani aliuza, lini, na je, shamba lilikuwa bado lake la kuuza baada ya serikali kulilipia? Wakili ameweka pia hoja ya pili, kwamba tumeishi hapa hadharani zaidi ya miaka 12 bila mtu kututoa, muda ambao kisheria unampa mkaaji nafasi ya kudai ardhi iwe yake.

Maswali hayo hayajibiwi kwa maneno ya mashahidi peke yake. Tunahitaji nakala za rejista ya ardhi zilizoidhinishwa, na mpima ardhi mwenye leseni atakayepima upya shamba zima, alinganishe ramani ya ugawaji na ramani ya hati zao, kisha asimame kizimbani aulizwe maswali. Mpima na nakala vitatugharimu 310,000. Salio la wakili ni 350,000.

Zilizobaki, 120,000, ni za mirathi, na hapa tunaomba mtusikilize vizuri. Wazee kadhaa waliotia sahihi kesi hii wametutoka. Kwa kanuni za kesi za madai, mlalamikaji akifariki na mwaka ukapita bila mtu kuingizwa badala yake, dai lake linaanguka. Mjane hawezi kuingia hivihivi kwa kuwa aliolewa na marehemu na anakaa kwenye ploti. Anahitaji barua ya chifu, cheti cha kifo, na amri ya mahakama ya kumruhusu kusimama badala ya mumewe. Wajane watatu muda wao unakaribia kuisha, hivyo pesa za kwanza zitakazoingia zitaenda kwao, kabla ya wakili na kabla ya mpima. Kamati imeliamua hilo na limeandikwa kwenye kumbukumbu.

Wapo wanaouliza, si serikali ndiyo iliwaweka hapo, kwa nini isiwatetee? Afisi ya Mwanasheria Mkuu imo katika kesi, lakini inaitetea serikali. Familia ya ploti fulani haina wa kuisemea isipokuwa wakili wake.

Harambee itafanyika Jumapili ya mwisho ya mwezi huu, uwanjani kwa kanisa, mara tu baada ya ibada ya pili. Asiye na pesa taslimu alete debe la mahindi, kuku au mbuzi, tutapiga mnada papo hapo. Walio mbali watumie namba ya M-Pesa ya kanisa iliyo kwenye tangazo la kila wiki, na waandike neno SHAMBA ili mweka hazina asichanganye na sadaka. Kila mchango utapewa risiti, na hesabu itabandikwa mlangoni kila Jumapili mpaka kesi iishe. Wapima ardhi na mawakili walio miongoni mwenu, hata siku moja ya kupitia makaratasi yetu itatupunguzia gharama: muoneni mwenyekiti au katibu wa kamati.