Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti kwa Wanachama Tunaorekodi Nuru ya Tafakuri

Ndugu wanachama,

Kwa mujibu wa katiba yetu, nawasilisha kwenu taarifa ya mwaka unaomalizika. Shughuli za kawaida mnazijua: vikao vya tafakuri viliendelea kila wiki, mafunzo kwa wanachama wapya yalitolewa mara mbili, kabati la kumbukumbu limepata kufuli, na mapazia meusi yametundikwa ukumbini. Kumbukumbu zilizopokelewa, yaani michoro ya nuru ambazo wanachama huziona wakitafakari gizani, ni 412. Wanachama walioandikishwa ni 64. Waliolipa ada kamili ni 27, waliolipa nusu ni 11, na 26 hawajalipa chochote. Majina anayo mweka hazina na sitayasoma leo.

Sasa niingie kwenye suala la bahasha, maana najua ndilo lililowaleta wengi wenu hapa.

Tangu katikati ya mwaka, kamati iliagiza kwamba kengele ya mwisho ikilia, kila aliyekaa tafakuri achore alichokiona kwenye karatasi nyeusi, aandike rangi, upande, mwendo na muda, aitie karatasi kwenye bahasha, aifunge, kisha amkabidhi katibu. Hayo yote kabla mtu yeyote hajatamka neno. Bahasha zikishakusanywa, mazungumzo ni ruhusa. Basi. Hilo ndilo agizo lote, na ndilo lililoitwa udikteta.

Naomba mnisikilize kwa nini tulifika hapo. Nilipokuwa nikipanga kumbukumbu kabatini, kazi ambayo kwa miaka mingi hakuna kiongozi aliyeifanya, nilikuta karatasi ya mwanachama mpya. Ukiitazama juu juu unaona gurudumu la zambarau lenye spoki nane, limepakwa kwa uangalifu. Ukiiinamisha kwenye taa, unaona chini yake nukta tatu za kijivu, upande wa kushoto, zimefutwa kwa kifutio hadi nyuzi za karatasi zimesimama. Huyu ndugu aliona nukta tatu. Akamsikia mkubwa wake akisimulia gurudumu la zambarau kwa furaha, akaona haya, akafuta cha kwake. Nilizipanga kumbukumbu za mwezi ule sakafuni: kati ya 38, 31 zilikuwa na gurudumu lile lile. Mwezi uliotangulia zilikuwa mbili.

Simlaumu aliyesimulia. Aliona alichokiona, na nuru yake naiheshimu. Ila sisi kazi yetu ni kurekodi, na kumbukumbu iliyofutwa ili ifanane na ya jirani haimwelezi aliyeichora wala jirani yake.

Wapo walionijibu kwamba kufanana ni ushahidi kuwa nuru ni moja. Nimelifikiria hilo kwa muda mrefu kuliko wanavyodhani. Ni kweli kwamba Heinrich Klüver, mwanasaikolojia aliyechunguza maono ya watu kuanzia miaka ya 1920, aliona maumbo ya msingi yakijirudia kwa watu mbalimbali, akayagawa katika aina nne: nyavu kama masega ya nyuki, tandabui, mahandaki na mizunguko ya konokono. Kwa hiyo umbo la duara kuwatokea wengi si ajabu. Lakini duara hilo kuwa la zambarau kwa wote, lenye spoki nane kwa wote, ndani ya mwezi mmoja, hilo siwezi kuliita asili.

Tena wazee wa tafakuri wenyewe wameshalizungumza. Buddhaghosa, mwalimu wa Kibudha wa karne ya 5, aliandika kuhusu ishara inayomjia mtu anayezingatia pumzi: kwa mmoja huja kama nyota, kwa mwingine kama lundo la lulu, kwa mwingine kama wingu, ua la yungiyungi, gurudumu la gari la farasi, au duara la mwezi. Zoezi ni lile lile, ishara ni tofauti, na sababu aliyoitoa ni kwamba watu hutofautiana katika utambuzi wao. Nawauliza wanaonipinga: kama tofauti ndiyo kawaida, ukumbi wetu ulipataje kuona kitu kimoja?

Jibu nimelipata kwa mwanasaikolojia Muzafer Sherif. Utafiti wake uliochapishwa mwaka 1935 uliwaketisha watu kwenye chumba chenye giza na kuwaonyesha nukta ya mwanga isiyosogea. Gizani nukta hiyo huonekana kama inatembea. Mtu akiwa peke yake alikadiria umbali kwa namna yake. Walipowekwa pamoja na kutaja makadirio kwa sauti, makadirio yalisogeleana, na mtu akirudi peke yake alibaki na kipimo cha kundi. Hawakuwa waongo wale watu, na wanachama wetu pia si waongo. Giza linapokosa alama ya kushikilia, sikio huliongoza jicho. Ndiyo maana tunafunga bahasha kwanza.

Hoja nyingine iliyoletwa ni kwamba nuru ni siri ya moyo na haifai kupimwa. Najmuddin Kubra, shekhe wa Kisufi aliyefariki mwaka 1221, alieleza kwa maandishi rangi za nuru alizoziona katika dhikri, na hakuna anayemwita mtovu wa adabu. Kuandika kwa uaminifu ni sehemu ya adabu yenyewe.

Kuhusu madai kwamba niliamua peke yangu, nayakataa kabisa. Mkutano maalumu uliitishwa mara tatu. Mara ya kwanza walifika 14, mara ya pili 9, mara ya tatu 12. Akidi ni 22. Katiba inasema akidi isipotimia mara tatu, kamati iamue, na kamati iliamua kwa kauli moja. Ambaye hakufika siku zote tatu asiseme leo kwamba hakushirikishwa. Wenzetu sita wamejitenga kwa sababu hii. Imeniuma, na bado nawahesabu kuwa ndugu. Wakirudi, nafasi zao zipo.

Matunda yameshaonekana. Kumbukumbu za nusu ya pili ya mwaka zimetawanyika kama inavyotakiwa, na yule ndugu wa nukta tatu amezichora tena, safari hii bila kufuta.

Mahudhurio yananisikitisha. Wastani ni 17 kwa kikao, na katika hao wapo wanaoingia wenzao wakiwa wamekaa zamani. Macho huchukua takriban nusu saa kuzoea giza sawasawa. Mlango ukifunguliwa na mwanga ukaingia, kazi ya wote inaharibika. Kuanzia sasa, kengele ya kwanza ikishalia, aliyechelewa asubiri nje.

Ada nayo. Karatasi nyeusi, kalamu za rangi na bahasha haziji zenyewe. Kwa miezi kadhaa nimezinunua kwa fedha zangu, risiti ziko kwa mweka hazina, na sijadai kurejeshewa. Nalisema hili kwa sababu imesemwa kwamba bahasha ni mradi wa mtu.

Narudia pia onyo ambalo baadhi wamelichukulia kama dharau kwa nuru. Mwanga unaoonekana kwa kubonyeza macho kwa vidole usiandikwe kama nuru ya tafakuri. Mwanasayansi wa Kicheki Jan Purkyně alishachora maumbo ya namna hiyo katika kitabu alichokichapisha mwaka 1819, na kubonyeza macho kunaweza kuyadhuru. Na anayeona vimulimuli vya ghafla macho yakiwa wazi, hasa vikiambatana na vidoa vingi vipya vinavyoelea au kivuli kama pazia pembeni ya jicho, aende kwa daktari wa macho siku hiyo hiyo. Hiyo yaweza kuwa retina, yaani utando wa nyuma ya jicho unaopokea mwanga, inachanika au kubanduka, na kuchelewa kunaweza kumpotezea uwezo wa kuona. Kwetu ataandika akishatibiwa.

Kwa mwaka ujao, tunatarajia, Mungu akipenda na ada zikilipwa, kupata ukumbi wetu wenyewe, kuchapisha kijitabu cha kumbukumbu teule kwa ridhaa ya waliozichora, na kufahamiana na vikundi vingine vyenye nia kama yetu. Kamati itayatolea maelezo kadiri hali itakavyoruhusu. Utaratibu wa bahasha utaendelea.

Naomba kuwasilisha.

Mwenyekiti