Sinema za vijijini zianze na jenereta

Mhariri,

Mjadala kuhusu kupeleka sinema kwa gari hadi vijiji vya Turkana na Marsabit umejikita katika uteuzi wa filamu. Filamu ni muhimu, lakini maonyesho mengi huharibikia kwenye jenereta. Mafuta yakiisha ghafla, feni ya projekta husimama taa ikiwa bado na joto kali, na taa hiyo huharibika mapema. Betri ya akiba inayohimili dakika 10 tu hutosha kuipoza. Jenereta yenyewe iwekwe umbali wa mita 40 hivi, upande ambao upepo unaelekea, ili mngurumo usimeze maneno. Waya uwe mnene. Mwembamba hupoteza umeme njiani. Vumbi nalo huziba kichujio cha projekta, kwa hiyo kisafishwe kila baada ya onyesho. Na pazia la mita 4 kwa 3 ni tanga hasa: lisipofungwa kamba na vigingi pande zote, upepo wa jioni hulibwaga.

Napendekeza kaunti zinazopanga ziara hizi zinunue vifaa hivyo kabla ya kulipia filamu, kisha zifunze vijana wawili katika kila wadi kuvitumia. Ratiba zianze saa moja na nusu usiku. Kabla ya giza kuingia, hata projekta yenye mwanga mkali wa lumeni 5,000 (lumeni ni kipimo cha mwanga) huonyesha vivuli tu, ingawa wageni rasmi hupenda kuanza mapema. Filamu ziwe zimeainishwa na Bodi ya Kuainisha Filamu Kenya.

Mdau wa sinema,
Nairobi