Aliyemwondoa Pilato naye atajwe

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya Pasaka kuhusu Pontio Pilato niliisoma mara mbili, kwa maana ni nadra gazeti kutenga ukurasa mzima kwa historia ya Warumi. Ila mwishoni mmesema tu kwamba Pilato "aliitwa Roma". Aliitwa na nani? Aliyemwachisha kazi anajulikana: ni seneta Lucius Vitellius, liwali wa Kirumi wa Shamu (Syria) tangu mwaka 35.

Wasamaria walipokusanyika Mlima Gerizimu, Pilato aliwapelekea askari na watu wengi wakauawa. Wazee wao walipeleka malalamiko Shamu, kwa Vitellius. Yeye akamtuma rafiki yake Marcellus ashike Uyahudi, akamwamuru Pilato aende Roma akajieleze kwa Kaisari. Kabla Pilato hajafika, Tiberio Kaisari akafariki, Machi 37. Na Kayafa je? Huyohuyo Vitellius ndiye aliyemvua ukuhani mkuu. Yaani wakubwa wawili tunaowasoma katika kesi ya Yesu waling'olewa na mtu mmoja, nasi hatumtaji hata mara moja! Tena alipofika Yerusalemu wakati wa Pasaka, aliwaondolea wenyeji ushuru wa mazao yanayouzwa mjini, akawarudishia makuhani mavazi matakatifu ambayo Warumi walikuwa wakiyaweka ngomeni.

Nataka pia wasomaji waijue familia yake, kwa sababu bila ndugu zake mtu huyu haeleweki. Baba yao, Publius, alikuwa na asili ya Nuceria, mji wa Italia. Hakuwa seneta, alimsimamia Augusto mali zake. Wanawe wanne wote waliingia Seneti. Quintus akaondolewa mwaka 17, Tiberio alipowafukuza maseneta waliofuja mali. Aulus alifariki mwaka 32 akiwa konsuli, cheo cha juu kabisa cha maseneta. Publius, aliyekuwa mtu wa karibu wa Germanicus, jemadari na mtoto wa kupanga wa Tiberio, na ambaye baada ya kifo cha Germanicus alisimama kumshtaki Piso, aliyeshukiwa kumuua, alikamatwa mwaka 31 alipoanguka Sejanus, mkuu wa walinzi wa Tiberio. Alijikata mishipa, akafungwa vidonda, lakini hakutoka tena akiwa huru. Lucius aliyaona yote hayo, na miaka michache tu baadaye akakabidhiwa Shamu.

Wanahistoria wa kale walimsifu kwa utawala wake mikoani, kisha wakamlaumu kwa unyenyekevu wake wa aibu aliporudi Roma. Caligula, Kaisari aliyemfuata Tiberio, alipomwita, alijitupa miguuni pake kama mbele ya mungu ili aponye roho yake. Kwa Klaudio, Kaisari aliyemfuata Caligula, alipanda zaidi: konsuli pamoja naye mwaka 43 na mwaka 47, na Klaudio alipokwenda vitani Uingereza yeye ndiye aliyeachiwa Roma. Ndiye pia aliyesimama Seneti kuomba sheria ilegezwe ili Klaudio amwoe Agrippina, binti wa kaka wa Klaudio mwenyewe. Simtetei kwa hilo. Lakini mtu aliyeona ndugu mmoja akifukuzwa na mwingine akifia kifungoni, mimi siwezi kumwita mwoga kwa wepesi kama walivyofanya wao.

Matunda yalionekana kwa watoto. Mwaka 48 wanawe wawili aliozaa na Sextilia, Aulus na Lucius, walikuwa makonsuli mwaka huohuo mmoja. Aulus ndiye Vitellius aliyetawala kama Kaisari mwaka 69 kwa miezi michache, kisha akauawa Desemba. Kutoka msimamizi wa mali hadi kiti cha Kaisari ni vizazi vitatu.

Ombi langu ni hili: Pasaka ijayo mkirudi kwa Pilato, mtengeeni Lucius Vitellius angalau aya mbili, na moja iwe ya Wasamaria waliokwenda kumlalamikia.

Wako,
Mwalimu mstaafu wa historia,
Morogoro